Kimanda cha Viazi na Vitunguu cha Kihispania: Kazi Iliyo Kabla ya Yai Kuingia Kikaangoni

Ukimweleza mkazi wa Dar es Salaam kwamba chakula kinachopendwa mno na Wahispania ni viazi, vitunguu na mayai vilivyopikwa pamoja kikaangoni, atakujibu kwamba hiyo ni chipsi mayai, na kwamba inapatikana kila jioni kwenye kibanda cha jirani. Jibu hilo lina haki yake, kwa kuwa vitu vinavyotumika vinakaribiana sana, chombo ni kile kile, na hata umbo la duara linalotoka mwishoni linafanana. Hata hivyo, mtu akivila vyakula hivyo viwili kwa kufuatanisha atatambua kwamba vimepikwa kwa nia tofauti kabisa. Katika chipsi mayai, kiazi hukaangwa kwa mafuta makali mpaka kikakauka nje, kisha yai humwagwa juu yake ili livishike vipande pamoja, na utamu wake unatokana na kwamba kila kimoja kimebaki na tabia yake. Katika kimanda cha Kihispania, ambacho wenyewe hukiita tortilla de patatas, kiazi huivishwa polepole ndani ya mafuta mpaka kilainike bila kukauka, kisha hulazwa ndani ya mayai mabichi kabla ya kurudishwa motoni, na mlaji hawezi kuonyesha kwa uhakika mahali kiazi kilipoishia na yai lilipoanzia.

Nilijifunza kukipika Valladolid, kaskazini-magharibi mwa Madrid, katika nyumba ya mama mmoja mtu mzima aliyenipangisha chumba nilipokuwa masomoni, na tangu nirudi nyumbani nimeendelea kukipika kwa viazi vya Njombe na vitunguu vya Singida. Ninaandika makala hii kwa sababu maelekezo mengi ninayoyasoma hutumia maneno mengi kueleza namna ya kukigeuza kimanda, hatua ambayo huchukua sekunde chache, na hupita haraka juu ya ile saa nzima inayotangulia. Msimamo wangu ni kwamba kimanda hiki hufaulu au hushindikana katika vipindi viwili ambavyo mgeni akiingia jikoni hataviona kuwa ni upishi: muda ambao viazi na vitunguu vimo ndani ya mafuta kwa moto mdogo, na muda ambao vimelala ndani ya mayai bakulini. Mpishi aliyevitunza vipindi hivyo viwili anaweza hata kukivunja kimanda wakati wa kukigeuza, na bado akala chakula kizuri.

Ili kuelewa kwa nini viazi vina uzito mkubwa hivyo katika chakula ambacho kwa jina letu ni cha mayai, ni vyema kujua kilikotoka. Kiazi mviringo ni zao la milima ya Andes huko Amerika ya Kusini, ambako Wahispania walikikuta katika karne ya 16, na kumbukumbu za manunuzi ya hospitali moja ya mjini Seville zinakitaja tayari katika miaka ya 1570. Lakini kwa muda mrefu hakikupewa nafasi ya heshima mezani. Hadithi inayosimuliwa zaidi kuhusu kuzaliwa kwa kimanda cha viazi inamhusu jenerali Tomás de Zumalacárregui, kamanda wa upande wa Wakarlisti (waliotaka mwanamfalme Carlos awe mfalme wa Hispania), ambaye inadaiwa kwamba alikitumia kulisha askari wake wakati wa kuuzingira mji wa Bilbao mwaka 1835. Ni hadithi ya kupendeza, ila nyaraka zinaipita kwa umri. Mtafiti Javier López Linage, wa taasisi ya utafiti ya taifa la Hispania, alifuatilia kumbukumbu mpaka Villanueva de la Serena, mji ulioko Extremadura, ambako mwaka 1798 watu wenye mashamba walikuwa wakijaribu matumizi ya viazi kama chakula cha bei nafuu cha kupambana na njaa.

Waraka unaonigusa zaidi ni wa mwaka 1817, uliopelekwa kwa baraza la Navarra, kaskazini mwa Hispania, kueleza hali ngumu ya wakulima wa milimani. Ndani yake imeelezwa kwamba watu watano au sita hugawana kimanda cha mayai mawili au matatu, kwa kuwa wanawake wa huko wanajua kukifanya kiwe kikubwa na kinene kwa mayai machache, kwa kuchanganya viazi, makombo ya mkate au kitu kingine. Ninapousoma mstari huo ninaona kanuni nzima ya chakula hiki. Kiazi kiliingia ili yai litoshe. Ndiyo maana uzito wa viazi katika kimanda cha kweli huzidi uzito wa mayai, na ndiyo maana wapishi wa Hispania hawakubali kiitwe kwa jina hilo kimanda cha mayai mengi kilichonyunyiziwa viazi vichache. Wale wanawake wa Navarra walikuwa na tatizo la kulisha familia, na walilitatua kwa ustadi ambao leo unauzwa katika migahawa ya kifahari.

Shida ilirudi tena baada ya vita vya wenyewe kwa wenyewe vilivyomalizika mwaka 1939. Mpishi wa Katalunya, Ignasi Domènech, alichapisha mwaka 1941 kitabu cha mapishi ya nyakati za uhaba, na humo aliweka kimanda kisicho na viazi wala mayai. Badala ya viazi alitumia sehemu nyeupe iliyo kati ya ganda la chungwa na nyama yake, ikalowekwa na kukaangwa, na badala ya mayai alikoroga unga na maji pamoja na bikaboneti. Sijawahi kukila chakula hicho na sidhani kama kilikuwa kitamu, lakini kinanionyesha jinsi watu wa nchi ile walivyokuwa tayari kulinda umbo la chakula chao hata vilivyokijaza vilipokuwa vimetoweka sokoni.

Kuhusu kitunguu, Hispania imegawanyika, na ugomvi wake ni wa dhati kiasi kwamba kila upande una jina lake. Mfano unaotajwa sana na wasiokitaka ni Betanzos, mji mdogo wa Galicia, ambao kimanda chake hupikwa kwa viazi, mayai, mafuta na chumvi peke yake, kikiachwa na mayai yanayotiririka kinapokatwa. Wanasema kwamba kitunguu huficha ladha ya kiazi na kukipa chakula kizima utamu wa sukari. Ninaheshimu hoja hiyo, hasa inapotoka kwa watu wenye viazi bora kama vile Kennebec vinavyolimwa Galicia, lakini mimi nasimama na wenye kitunguu bila kusitasita. Kitunguu kilichoivishwa polepole hutoa maji na sukari yake, hupoteza ukali wake, na kuupa mchanganyiko unyevu ambao kiazi peke yake hakiwezi kuutoa. Zaidi ya hapo, mafuta yaliyopitia kitunguu hukipa kiazi ladha mpaka ndani. Mama wa Valladolid aliweka kitunguu kimoja kikubwa kwa kila kilo ya viazi, na hakuona kwamba jambo hilo lina mjadala.

Vitunguu vya kwetu, hata hivyo, vinahitaji uangalifu. Wahispania hutumia zaidi kitunguu cha ganda la rangi ya dhahabu, chenye maji mengi na ukali wa wastani, ilhali vitunguu vyekundu vinavyotoka Mang'ola, Singida au Ruaha Mbuyuni ni vikali na vina harufu nzito. Hilo halivizuii kufaa. Ninachofanya ni kuvikata vyembamba kwa urefu, kuvitia kwenye mafuta mapema kidogo kuliko viazi, na kuvipa muda mrefu zaidi kwa moto mdogo, mpaka ukali wote umepotea na ubaki utamu. Rangi yao ya zambarau itafifia na kuelekea hudhurungi, na kimanda hakitakuwa na ule umanjano safi wa picha za Kihispania, lakini ladha yake haina upungufu wowote.

Kwenye viazi ndiko ninakomwomba msomaji anivumilie, kwa kuwa ndiko kwenye utajiri wa jambo lenyewe. Viazi hutofautiana kwa kiasi cha wanga. Vile vyenye wanga mwingi hupasuka na kuwa unga vinapoiva, na ndivyo vinavyofaa kupondwa. Vyenye wanga kidogo hubaki vipande vizima hata vikipikwa muda mrefu. Kimanda kinahitaji kiazi cha katikati, kinacholainika na kuanza kuvunjika pembeni, lakini kisichoyeyuka chote. Hispania hutumia sana aina za Monalisa na Agria pamoja na hiyo Kennebec. Msomaji wa Kenya atakuwa na Shangi, ambayo huiva upesi na ina unga wa kutosha, kwa hiyo vipande vikatwe vinene kidogo na visikorogwe sana. Katika masoko ya Dar es Salaam viazi huuzwa kwa jina la vinakotoka kuliko kwa jina la aina, na njia niliyoiona kuwa ya uhakika ni kumwuliza muuzaji kama vinafaa kuchemshwa na kubaki vizima kwenye mchuzi. Akisema vinafaa kwa mchuzi na pia kwa chipsi, ninavinunua. Viazi vichanga vyenye ganda linalochubuka kwa kidole ninaviacha, kwa sababu maji yake ni mengi na havinywi yai vizuri.

Kwa kikaango chenye upana wa sentimita 24 ninatumia kilo moja ya viazi kabla ya kumenya, ambayo ikimenywa hubaki gramu 800 hivi, pamoja na kitunguu kimoja kikubwa au viwili vya wastani, mayai manane, chumvi, na mafuta yanayokaribia nusu lita. Idadi ya mayai inahitaji maelezo. Maelekezo ya Kihispania husema mara nyingi mayai sita, lakini yai kubwa la daraja la L katika Umoja wa Ulaya lina uzito wa gramu 63 hadi 73, na mayai yetu mengi ni madogo kuliko hayo, ya kienyeji yakiwa madogo zaidi. Anayetumia mayai ya kienyeji aongeze hata kufikia kumi, na atapata malipo yake katika rangi, kwa kuwa kiini chake cha manjano iliyokolea hukirudishia kimanda ule uzuri ambao kitunguu chekundu kilikuwa kimeupunguza.

Viazi vikishamenywa vioshwe vikiwa vizima, vikaushwe kwa kitambaa, kisha vikatwe, na vikishakatwa visioshwe tena wala kulowekwa. Mpishi wa chipsi huosha vipande ili kuondoa wanga wa juu na kupata ukavu, lakini hapa wanga huo ndio utakaosaidia kuvishikanisha vipande na yai. Mimi hukata kiazi katikati kwa urefu, kisha kila nusu naigawa tena, halafu nakata vipande vyembamba vya milimita tatu au nne. Mama wa Valladolid hakutumia ubao. Alikishika kiazi mkononi, akaingiza kisu kidogo nusu ya njia, kisha akakipasua kipande kwa kukivuta, ili upande mmoja uwe wa kukatwa na mwingine wa kuvunjika. Vipande vilitoka vikiwa havilingani, na huo ulikuwa uzuri wake, kwa maana vile vyembamba viliyeyuka na kuwa sehemu ya yai huku vile vinene vikibaki vya kutafunwa.

Mafuta yanayotarajiwa ni ya zeituni. Hispania huzalisha mafuta hayo kuliko nchi nyingine yoyote duniani, na jimbo la Jaén peke yake limefunikwa na mizeituni mpaka upeo wa macho, kwa hiyo kwao si anasa kumwaga nusu lita kikaangoni. Kwetu bei yake ni kubwa. Ninawaambia kwa moyo mweupe wasomaji wangu kwamba mafuta ya alizeti ya Singida au Dodoma, yaliyochujwa vizuri, yanatoa kimanda kizuri sana, na kwamba nyumba nyingi za Hispania zenyewe hupikia alizeti. Anayeweza kupata mafuta kidogo ya zeituni ayachanganye na ya alizeti, robo kwa robo tatu, na harufu yake itasikika. Kitu cha kuepuka ni mafuta yaliyokwisha kukaangia samaki au vitumbua, kwa sababu viazi vitakaa ndani yake muda mrefu na vitafyonza kila kumbukumbu yake.

Sasa tufike kwenye kipindi cha kwanza nilichokitaja. Mafuta yapate moto wa wastani, vitunguu viingie, na baada ya dakika tano hivi viazi vilivyotiwa chumvi viingie pia, vikiwa karibu kufunikwa na mafuta. Joto likishuka, na litashuka kwa kuwa viazi ni baridi na karibu asilimia 80 ya uzito wake ni maji, moto uongezwe kidogo mpaka mapovu yaonekane, kisha upunguzwe ili mapovu yawe madogo na ya utulivu. Chipsi hukaangwa kwa nyuzijoto 170 hadi 180 za Selsiasi, na hapo maji ya juu ya kiazi hutoka kwa kasi na kuacha gamba. Tunachotaka sisi ni mafuta yenye joto dogo kuliko hilo, yanayotosha kuyatoa maji taratibu huku wanga wa ndani ukivimba na kulainika. Mama yule alipika huku akisikiliza. Sauti ya mafuta ikiwa ya kupasuka, alishusha moto. Ikinyamaza kabisa, alipandisha. Nimekuja kuona kwamba sikio ni kipimo bora kuliko saa, kwa kuwa jiko la gesi, jiko la umeme na jiko la mkaa havitoi joto sawa, na maelekezo ya dakika hayawezi kuyatosheleza yote matatu.

Kwa kawaida kazi hiyo huchukua dakika 20 hadi 30. Vipande vigeuzwe kwa upole mara kwa mara ili vya chini visishike rangi, na rangi ikianza kutokea moto ushushwe zaidi. Viazi vimeiva pale ambapo ukingo wa mwiko unakikata kipande kikiwa bado kikaangoni bila kusukuma, na kitunguu kimekuwa laini na chenye kung'aa. Mtu mwenye haraka atajaribiwa kuviondoa kabla, akidhani vitaiva zaidi pamoja na yai. Havitaiva, kwa sababu yai linahitaji dakika chache tu, na kipande kigumu kilichobaki katikati ya kimanda laini huharibu tonge zima.

Viazi na vitunguu vimwagwe kwenye chujio lililowekwa juu ya bakuli ili mafuta yatiririke yote. Wakati yakichuruzika, mayai yavunjwe kwenye bakuli kubwa na kupigwa kwa uma mpaka ute na kiini vichanganyike, bila kuyajaza povu, kisha yatiwe chumvi kidogo. Viazi vikipoa kiasi cha kuvumilika mkononi viingizwe ndani ya mayai, na hapo huanza kipindi cha pili. Viazi vyenye uvuguvugu hulowana, yai huingia katika nyufa zote zilizotokea wakati wa kuiva, chumvi hujigawa, na wanga hulifanya yai liwe zito. Baada ya dakika 15 mchanganyiko haufanani tena na viazi vinavyoelea ndani ya mayai, bali umekuwa kitu kimoja, mzito kama uji wa kunywa kwa kijiko. Usipouona umekuwa hivyo, subiri tena. Viazi vikiingia vikiwa vya moto mno vitaligandisha yai mapema, na vikiingia vikiwa baridi kabisa vitachelewa kulinywa.

Thamani ya kulaza huko ilionyeshwa kwa njia ya kushangaza na Ferran Adrià, aliyekuwa mpishi wa mgahawa wa elBulli uliopata umaarufu duniani kote. Alipendekeza kwamba mtu asiye na muda achukue viazi vya pakiti, vile vikavu vya kutafuna, avizamishe katika mayai yaliyopigwa, avisubiri vilainike, kisha apike kimanda. Wengi walishtuka kusikia hivyo kutoka kwa mpishi wa hadhi yake. Lakini pendekezo lake linatufundisha jambo: alikiondoa kipindi cha mafuta kwa kumwachia kiwanda kazi hiyo, ila kipindi cha kulaza hakukigusa, kwa kuwa bila hicho kusingekuwa na kimanda. Nimekijaribu na kinaliwa, hasa kwa mtu aliyerudi kazini usiku, ingawa ule utamu wa kitunguu haupo.

Hatua ya kikaangoni ni fupi. Kikaango kiwe na kuta za wima zenye kimo cha sentimita nne au zaidi, kiwe hakishiki chakula, na kisiwe bapa kama kile cha chapati, ambacho hakiwezi kukipa kimanda unene wake. Kijiko kimoja cha mafuta yale yaliyochujwa kipate moto wa kutosha, mchanganyiko umwagwe, na kwa sekunde kumi au kumi na tano za kwanza usukumwe kutoka pembeni kuelekea katikati ili joto lienee. Baada ya hapo moto ushushwe, kingo zikusanywe kwa mwiko ili ziwe za mviringo, na kiachwe dakika tatu au nne. Kikaango kikitikiswa, kimanda chote kinapaswa kuteleza kwa pamoja.

Kugeuza kunahitaji sahani bapa iliyo pana kuliko kikaango. Mfuniko wa sufuria za bati unafaa kuliko sahani nyingi, mradi uwe bapa na uguswe mafuta kidogo ili kimanda kiteleze. Mfuniko uwekwe juu, mkono mmoja uukandamize katikati, mwingine ushike mpini, na vyote vipinduliwe kwa mwendo mmoja usiositasita, juu ya sinki au meza, mbali na moto. Kisha kimanda kitelezeshwe kurudi kikaangoni na kingo ziingizwe chini kwa mwiko. Anayeogopa apike vimanda viwili vidogo kwa kikaango cha sentimita 18, na ataona jinsi uzito unavyopungua mkononi. Kipande kikibaki kimenata, kirudishwe mahali pake na kibonyezwe, kwa kuwa yai bichi la upande wa chini litakiunganisha.

Swali la kiasi cha kuiva linastahili jibu la makini kuliko mapenzi ya mtu. Walaji wa Betanzos wanataka katikati patiririke, na mimi napenda pawe na unyevu wa kushikika. Yai huanza kuganda likipita nyuzijoto 60 hivi, ute ukitangulia na kiini kikifuata, na vimelea vya salmonela hufa kwa joto likidumu muda wa kutosha. Sheria ya Hispania ya mwaka 2022 inaitaka migahawa inayopika mayai ihakikishe kwamba katikati ya chakula pamefikia nyuzijoto 70 kwa sekunde mbili, au 63 kwa sekunde 20. Katika nyumba yenye mama mjamzito, mtoto mdogo, mzee au mgonjwa, kimanda kiivishwe mpaka katikati pagande kabisa. Hakitakuwa kikavu kama viazi vilipikwa ipasavyo, kwa sababu unyevu wake hautokani na yai bichi peke yake. Na katika joto la pwani yetu kisiachwe mezani mchana kutwa kama inavyofanyika katika baa za huko. Kisicholiwa ndani ya saa mbili kiende kwenye jokofu.

Kikitoka kikaangoni kisikatwe mara moja. Kikipewa dakika kumi, yai humalizia kushikana na ladha ya kitunguu hujitokeza zaidi kuliko chakula kikiwa cha moto. Wahispania hukila cha uvuguvugu au kilichopoa, kipande kimoja pamoja na kahawa ya saa nne au tano asubuhi, kikiwa juu ya kipande cha mkate, au chote kikiwa kimefungwa ndani ya mkate mrefu kwa ajili ya safari. Katika mji wa San Sebastián kuna baa iitwayo Néstor ambayo hupika vimanda viwili tu kwa siku, kimoja cha mchana na kimoja cha jioni, na wateja huandikisha majina yao mapema ili wasikose kipande. Mimi hukila na kachumbari ya nyanya yenye ndimu na pilipili kidogo. Kwa Mhispania huo ni ugeni, lakini ukali wa ndimu unakata uzito wa mafuta kwa namna ambayo mkate hauwezi. Sosi ya nyanya ya chupa siiweki, kwa kuwa sukari yake hushindana na ya kitunguu.

Mafuta yaliyobaki chini ya chujio ni karibu yote yaliyotumika, pengine vijiko vichache pungufu, na kwa kuwa hayakupata moto mkali hayajaharibika. Yakipoa yachujwe tena kwa kitambaa safi ili chembe za wanga zisibaki, yawekwe kwenye chupa kavu yenye mfuniko, na yahifadhiwe ndani ya jokofu. Yatapika kimanda kingine ndani ya juma hilo, au yataunga maharage na mchicha, ambavyo hupata kutoka kwake harufu ya kitunguu bila mpishi kukata hata kimoja.